Jicho la Kahaso na Karatasi ya Daktari

Inspekta Gurdit alikuwa na desturi yake. Kila alipotaka kumwambia mtu jambo zito, kwanza alimimina chai kwenye kisahani, akaipuliza, kisha akaifyonza kwa sauti mpaka askari wa nje wakasikia. Asubuhi hiyo ya Jumamosi alikuwa amekwisha kufyonza visahani vitatu, na Sajenti Gershom bado amesimama mbele ya meza akisubiri.

"Keti, Sajenti. Utapata baridi yabisi bure."

Gershom akaketi. Alikuwa mtu wa Kisauni hasa, mzaliwa wa kijiji cha misheni, mwana wa mpiga kengele wa kanisa. Mnene wa kiuno, mwepesi wa miguu. Alikuwa na miaka kumi na minne katika polisi, sita katika hiyo kwenye upelelezi, na watu walimpenda kwa jambo moja: akikaribishwa mahali hakuwa na haraka ya kuondoka.

Inspekta akazisukuma karatasi mbili mbele yake.

"Hii ni jicho," alisema, akigonga ya kwanza kwa kidole. "Na hii ni daktari. Jumatatu nazipeleka zote kwa hakimu, na mimi ndiye mwendesha mashtaka. Lakini hazisalimiani hizi. Soma."

Gershom alizijua karibu kwa moyo, lakini alisoma. Wiki tatu zilizopita, saa tatu ya asubuhi, mkandarasi Premji aliuawa katika machimbo yake ya mawe huko Mishomoroni. Alipigwa mara moja, kwa kichwa cha sururu. Karatasi ya kwanza ilikuwa maneno ya bibi mmoja aitwaye Kahaso, yenye alama ya dole gumba chini yake: *Nilikuwa kisimani. Nilimwona mume wangu Kahindi akimpiga Muhindi kwa sururu, mara moja, kichwani. Muhindi akaanguka.* Mumewe, Mzee Kahindi, alikutwa hapo hapo machimboni, sururu mkononi imeoshwa, shuka yake ina damu. Juzi tu kabla ya hapo alikuwa amesimama mbele ya watu akamwapiza Premji kwa kuchimba karibu na makaburi ya wazee wake. Mzee alikamatwa, hakukataa, hakukubali. Amekaa seli kama mtu aliyekuja kupumzika.

Karatasi ya pili ilikuwa ya daktari wa serikali. Jeraha liko utosini. Pigo limetoka juu kwenda chini. Marehemu alikuwa wima, kwa kuwa kofia yake ya jua imetoboka katikati na damu imeshuka mabega yote mawili sawasawa. Marehemu alikuwa na urefu wa futi tano na inchi tisa. Mshtakiwa ana futi tano na inchi mbili, na bega lake la kulia liliwahi kutenguka zamani, likaungwa vibaya. Mkono haupandi kupita kifua. *Kwa rai yangu ni vigumu mshtakiwa kuwa ndiye aliyelipiga pigo hili.*

"Vigumu," alisema Gershom.

"Vigumu!" Inspekta akainua kidole. "Sasa sikiliza. Sheria ya ushahidi tunayoitumia Mombasa hapa imetoka Bara Hindi, kifungu kwa kifungu. Na mimi nilikuwa karani wa korti Lahore miaka tisa kabla sijapanda meli. Kesi za mauaji nimeziona kama wewe ulivyoona nazi. Huko jicho na daktari hugombana kila wiki."

"Na hushinda nani?"

"Jicho. Daktari hakuwepo, Sajenti. Daktari anatoa rai. Shahidi anatoa alichokiona. Jaji haliangushi jicho kwa ajili ya rai, isipokuwa daktari amesema jambo hili haliwezekani kabisa. Akisema haiwezekani, jicho limekufa. Akisema ni vigumu, jicho liko hai, tena lina nguvu." Akamimina chai nyingine. "Niliona ndugu watatu wameapa kuwa jirani yao kamchoma baba yao mkuki. Daktari akasema hakuna tundu la mkuki hata moja mwilini, kuna alama za fimbo. Jirani akaenda nyumbani kwake. Mwaka ule ule nikaona mama mmoja kaapa kamwona shemeji yake. Daktari akasema ni vigumu. Shemeji akanyongwa."

"Na alikuwa ameua?"

Inspekta alikitazama kisahani. "Mimi nilikuwa karani tu. Nilikuwa naandika."

Nje askari mmoja alikuwa akipiga mluzi. Inspekta akaupandisha mguu juu ya mguu.

"Kwa hiyo mambo ni haya. Nikienda Jumatatu na karatasi hizi, mzee anakwenda korti kuu, na kutoka korti kuu anakwenda kwenye kitanzi, na kati yake na kitanzi lipo neno moja tu, 'vigumu', nalo halitoshi. Mimi sipendi kumnyonga mtu kwa karatasi zisizosalimiana. Ama bibi kakosea, ama daktari kakosea. Una leo na kesho. Niambie ni yupi."

"Na kama wote wawili wamesema kweli, bwana Inspekta?"

"Basi mwendawazimu ni mimi au wewe. Nenda."

*

Kabla ya kuondoka, Gershom alipita seli. Mzee Kahindi alikuwa ameketi mkekani, miguu ameinyoosha, anatafuna kitu kisichokuwepo.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Leo Jumamosi?"

"Jumamosi. Mzee, hebu inua huu mkono wa kulia nione."

"Wa nini?"

"Daktari asema haupandi."

"Daktari kashasema, basi." Hakuuinua.

"Mzee, ulimpiga Premji?"

"Mke wangu kasema nini?"

"Kasema alikuona."

"Basi mwataka nini tena? Mimi nimwite mke wangu mwongo mbele za watu?" Akacheka kidogo, akapangusa mdomo. "Kwetu hatufanyi hivyo."

Gershom akaiomba ile shuka kwa mtunza vielelezo, akaikunjua mezani penye mwanga. Damu ilikuwa kwenye pindo la chini tu, imeenea kwa upana, imesuguliwa. Hakukuwa na tone hata moja lililoruka, wala juu wala kifuani. Mtu ampigaye mwenziwe utosini akiwa amesimama naye uso kwa uso huchapwa matone. Hii ilikuwa damu ya kupangusa kitu. Aliandika hivyo katika daftari lake, akaitia shuka katika mfuko wake wa karatasi kama ilivyokuwa, akatia sahihi.

*

Machimboni alikwenda na Konstebo Musyoka, karani wa kituo, kijana wa Machakos mwenye mwandiko mzuri kuliko wote upande wa bara. Ndiye aliyemwandikia Kahaso maneno yake.

"Ulimwuliza vizuri?" Gershom alimwuliza njiani.

"Vizuri, afande. Nilimwuliza umeona nani, akasema Kahindi. Nikamwuliza Kahindi ni nani wako. Akasema kwa Kigiriama *mulume wangu*. Hiyo hata sikuhitaji mkalimani, kwetu pia mume ni *mũme*. Nikamsomea, akakubali, akaweka dole. Mimi niliandika vile alisema."

"Sijasema hukuandika."

Machimbo yalikuwa shimo pana la mawe ya matumbawe, sakafu yake imesawazishwa kama ukumbi, kando yake tanuri la chokaa linafuka. Wachimbaji wanane walikuwa kazini. Mwenye mali kafa, lakini nduguye wa Mombasa mjini alishatuma mnyapara mpya. Wote walikwisha kuandikwa, na wote walisema neno moja: walisikia mayowe, hawakuona.

Gershom alikuwa na ramani ya siku ile, iliyochorwa kwa vipimo: hapa kichwa cha marehemu, hapa damu, hapa kofia. Akamsimamisha Musyoka mahali pa Premji, kwa kuwa walitoshana kimo. Akamwita mchimbaji mmoja mrefu, kijana mwenye mabega kama mlango, amshikie ncha ya juu ya utepe wa kupimia.

"Jina lako?"

"Absalom, bwana. Absalom Gona."

"Siku ile ulikuwa wapi?"

"Upande wa tanuri. Sikuona kitu."

"Shika hapo. Juu kidogo. Eeh."

Kwanza alijaribu kumwangusha daktari. Huenda mzee alipanda mahali? Jiwe la karibu lenye kimo lilikuwa hatua nane kutoka kwenye damu. Huenda Premji aliinama kuokota kitu? Kama aliinama, tundu la kofia lingekuwa kisogoni, na damu ingemwagikia mbele. Huenda mzee alitumia mkono wa kushoto? Gershom akatwaa fimbo yenye urefu wa mpini wa sururu, akajifanya mfupi kwa kukunja magoti, akauzuia mkono wa kulia usipite kifua, akausaidia kwa wa kushoto, akapiga hewani mara tano. Kila mara fimbo iliishia kwenye sikio la Musyoka au begani.

"Polepole, afande. Hilo sikio ni la serikali."

Wachimbaji wakacheka. Absalom hakucheka; alishika utepe tu.

Kisha akajaribu kuliangusha jicho. Kisima kilikuwa upande wa juu, hatua arobaini na mbili kwa hesabu ya miguu yake mwenyewe, na Kahaso alikuwa pale pale, kama aliyeagizwa, anateka maji. Mwanamke mwembamba, mweusi wa kung'aa, nywele nyeupe pepe, amevaa hando, ile sketi ya marinda ya wanawake wa Kigiriama, na leso begani. Gershom akapanda mpaka kwake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Mama, yule aliyesimama pale chini, mwenye kofia, ni nani?"

Kahaso hakukunja hata jicho. "Ni yule askari wako aliyeniandika. Kiatu chake cha kushoto hakikufungwa."

Gershom akageuka. Kwa umbali ule aliona buti tu. "Musyoka!" akaita. "Tazama kiatu chako cha kushoto!"

Musyoka akainama, akafunga kamba.

"Mama, una macho."

"Nina macho. Masikio ndiyo yananichoka."

"Siku ile jua lilikuwa wapi?"

"Mgongoni kwangu."

"Hakuna kilichokukinga?"

"Kwani hapa kuna nini? Ni hewa tu."

"Na uliyemwona ni nani?"

Akajitwika mtungi kwanza, akausawazisha, ndipo akajibu. "Nilisema, mukaandika. Kwani imefutika? Nilimwona mume wangu Kahindi."

"Huna shaka?"

"Mtu nimemlea kwa mikono yangu hii, nitamtilia shaka?"

Kahaso akashuka na njia ya machimboni, akapita katikati ya wachimbaji. Wanane wakamwamkia. Saba aliwaitikia. Wa nane, Absalom, mama alimpita kama mtu apitavyo kisiki. Gershom aliliona hilo, akalitia katika daftari, ingawa hakujua aliweke chini ya kichwa gani. Na lile neno, *nimemlea*, alilisikia pia. Alilipa maana aliyoizoea: wake wa makamo wengi husema wamewalea waume zao. Mkewe mwenyewe husema hivyo kila Jumapili.

Basi jicho lilikuwa zima, na daktari alikuwa mzima. Gershom alikuwa na njaa.

*

Kila mtu wa Mishomoroni mwenye njaa na habari huenda kwa Kache. Uani kwake kuna majiko mawili, moja la mahamri na moja la mbaazi za nazi, na viti havitoshi tangu nyumba ilipojengwa. Mchana ule waliketi humo watu ishirini na ushei: wachimba mawe, wanawake wa kisimani, fundi cherehani na cherehani yake, na mwalimu wa Sunday School aliyesema ana haraka akiwa na sahani ya pili.

"Haya, mpisheni bwana Sajenti!" Kache alipaza sauti. "Ana kazi ya kutunyongea watu, asife njaa kabla."

"Kache, mdomo wako huo."

"Mdomo wangu ndio umejenga hii nyumba. Keti. Na huyu wa bara akae wapi, ananuka wino."

Musyoka akaketi juu ya gunia la mkaa, akapewa mahamri manne, akasahau matusi.

Mazungumzo yalirudi mahali yalipokuwa, na Gershom akatega sikio huku akimega. Kwamba Premji alionywa mara tatu kuhusu makaburi. Kwamba asubuhi ile ile ya kufa kwake ardhi ilitoa mifupa ya marehemu Gona, akaamuru itupwe pamoja na kokoto kwenye mkokoteni wa tanuri la chokaa. Hilo Gershom hakulipata katika karatasi yoyote. Kwamba ndugu mkubwa wa Premji sasa amezungusha seng'enge makaburi yaliyobaki, hayagusi mtu.

"Gona huyo alikuwa nani?" aliuliza.

"Mtoto wa Mzee Kahindi," alisema fundi cherehani. "Alikufa kwa tetekuwanga, mwaka wa kwanza wa vita."

Hapo ndipo alipoingia bibi Nyamvula, mama wa makamo wa Ribe, fimbo mkono mmoja na mkono wa pili ameshika kitoto cha kiume cha kama miaka mitatu, tumbo mbele, pua inatiririka.

"Mume wangu," Nyamvula akakiambia, "mwamkie bwana polisi. Usinitie haya."

Uani kukaripuka vicheko.

"Mume gani huyo, Nyamvula, hana meno!"

"Wa kwako ana meno na anakufaa nini?" Nyamvula akajibu. "Huyu wangu haniulizi niko wapi. Mume wangu, wataka hamri?"

Mume akataka hamri. Gershom naye alikuwa akicheka, hamri lake limefika nusu ya njia kwenda kinywani. Likabaki pale.

"Kache," alisema, "kwa nini amwita mume?"

"Ni mjukuu wake, bwana we. Mtoto wa kiume wa mwanao wa kiume si ndiye mume wako? Mumeo akifa yeye ndiye wa kukukatia kuni. Ninyi watu wa misheni hamna hayo?"

"Hatuna. Na jina lake nani?"

"Nguma. Jina la nani tena kama si la babu yake? Mjukuu wa kwanza huchukua la babu. Mzee Nguma alikuwa mumewe, Nguma huyu ni mumewe. Akiita Nguma nyumbani enzi za mzee, waliitika wawili, mmoja analia."

Watu wakacheka tena. Gershom akaliweka hamri sahanini.

"Na Kahaso," alisema, "yeye anaye mume wa namna hii?"

Wale watu ishirini na ushei, na majiko mawili, na cherehani, vyote vikanyamaza. Hata mwalimu wa Sunday School alitazama sahani yake. Gershom aliwahi kuingia nyumba nyingi zenye siri, lakini hakuwahi kuiona siri imeketi na watu wengi hivyo, inakula mbaazi.

"Kache."

"Mimi napika."

"Kache, Gona mtoto wa Mzee Kahindi alizaa?"

"Alizaa."

"Alimwita nani?"

Kache akageuza hamri ndani ya mafuta, akaligeuza tena. "Nyumbani ni Kahindi. Alipobatizwa wakampa jina la kitabuni."

"Absalom."

Kwenye gunia la mkaa Musyoka alikuwa ameacha kutafuna.

"Afande," alisema kwa sauti ndogo, "mimi niliandika vile alisema."

"Najua. Na yeye alisema vile alivyoona." Gershom akawageukia wale watu. "Wiki tatu. Wote mwajua, na hakuna hata mmoja aliyekuja kituoni."

"Hamkuuliza," alisema Kache.

"Mwenyewe mzee ndiye aliyetaka," Nyamvula akadakia, na fimbo yake ikapiga chini. "Kaiokota ile sururu kaiosha kwa mikono yake, kaipangusa na shuka yake, mbele ya watu. Askari wakamshika, akatutazama sote, mmoja mmoja. Tufanyeje? Wewe wa nini kuingia katika nyumba za watu na utepe wako?"

"Kwa sababu Jumatatu, bibi, nyumba hiyo itatoa mtu wa kunyongwa asiyemgusa mtu."

"Na ukishamaliza kazi yako haitatoa?"

Gershom alisimama, akalipia mahamri, pamoja na ya Musyoka.

*

Kahaso alikuwa barazani kwake anapepeta mchele. Alipowaona wawili wanakuja, akauweka ungo chini.

"Umejua," alisema.

"Nimejua, mama."

"Nani kakwambia?"

"Mtoto mmoja mwenye mafua."

Akamkalisha kwenye kiti cha miguu mitatu, kiti cha mzee. Musyoka alibaki uani na kalamu yake.

"Mimi sikusema uongo," alisema Kahaso. "Nilipiga mayowe, mulume wangu kamuua Muhindi! Nikaja kwenu, mkaniuliza, nikawaambia. Narudi nyumbani, naambiwa aliyefungwa ni mzee. Nikataka kurudi. Mke wa nduguye akanipa salamu ya mzee kutoka selini: mwambie Kahaso ameshasema, asiseme tena."

"Ukamtii."

"Miaka arobaini namtii. Pengine sipendi, lakini namtii."

"Mama, nikueleze sheria?"

"Eleza."

"Daktari amesema ni vigumu mzee kuwa ndiye. Hilo halitamwokoa. Jaji atauliza, shahidi aliyeona ni nani? Ataambiwa ni mkewe, na macho yake nimeyapima mimi. Kosa litamwangukia mzee."

"Na likimwangukia mwingine?"

"Mwingine naye anaweza kunyongwa. Sitakudanganya. Lakini kuna tofauti." Gershom akasogeza kiti. "Asubuhi ile mifupa ya Gona ilitupwa kwenye mkokoteni wa chokaa. Ni kweli?"

"Kweli. Fuvu lilikuwa juu. Mwanawe alilijua kwa jino lililovunjika."

"Jaji akisikia hilo kutoka kwa aliyekuwepo, aliyeliona fuvu la baba yake na kupandwa na wazimu papo hapo, upo mlango. Sheria inaujua mlango huo. Kwayo watu hupata kifungo badala ya kitanzi. Siwezi kukuahidi. Lakini mzee hana hata huo. Ataulizwa kwa nini ulimpiga, na yeye hakumpiga. Alikuja baadaye. Aliyefanya ana maneno ya kujitetea. Asiyefanya hana."

Ndani ya nyumba kitu kiligusa ukuta, kama mtu aliyebadili mguu. Gershom alisikia, akatazama uani.

"Askari wako aandike," alisema Kahaso. "Aandike vizuri safari hii. Mume aliyenioa, Kahindi wa Ngumbao, sikumwona machimboni wakati Muhindi anapigwa. Alikuja baada ya mayowe yangu. Sururu aliiokota imelala chini."

Musyoka akaandika, ulimi nje.

"Na uliyemwona, mama?"

"Hilo nilishasema siku ya kwanza. Lete hicho kitu cheusi."

Akaweka dole. Kisha akauchukua ungo, akaendelea kupepeta, na Gershom akajua hatapata neno jingine hapo hata akilala barazani.

Hakuingia ndani ya nyumba. Alisema kwa sauti ya kutosha, kama anayemwambia Musyoka, kwamba yeye kesho atakuwa kituoni tangu saa moja, na kwamba mtu ajaye kwa miguu yake mwenyewe huandikwa hivyo, na jaji hulisoma.

*

Saa mbili ya Jumapili, kabla kengele ya kanisa haijalia, Absalom Gona alifika kituoni amevaa shati jeupe lililopigwa pasi. Aliinama kupita mlangoni. Alieleza yote kwa dakika kumi, mkokoteni, jino, sururu, na Musyoka akamwandika kwa jina lake lote, la nyumbani, la ubatizo, la baba na la babu, akamsomea mara mbili.

Inspekta Gurdit alikuja na kilemba cha Jumapili, akazisoma karatasi zote nne amesimama.

"Kwa hiyo jicho lilisema kweli," alisema.

"Ndiyo, bwana."

"Na daktari alisema kweli."

"Ndiyo, bwana."

"Basi ni sisi." Akatia sahihi hati ya kumwachilia mzee, hakuomba chai.

Gershom akaenda seli na ufunguo, Absalom nyuma yake. Mzee Kahindi aliwaona wote wawili kwa pamoja, na uso wake, uliokuwa umepumzika wiki tatu, ukazeeka.

"Nani kasema?"

"Mama mwenyewe," alijibu Gershom. "Kwa hiari yake. Toka, mzee. Uko huru."

"Kahaso?" Mzee alilitafuna jina hilo. "Miaka arobaini, bwana Sajenti. Mvua, njaa, watoto sita kuzikwa. Hajapata kunikosea. Nilimwachia jambo moja tu alinyamazie." Akamtazama kijana. "Na wewe ukaja. Umevaa hata shati."

"Tsawe," alisema Absalom, akimwita babu yake kwa Kigiriama, "toka, nikae."

"Kaa. Nani kakukataza? Mkeka ni mpana."

Absalom akaingia, akainama, akaketi. Mzee hakuondoka. Alisogea tu kidogo, akampisha nafasi ya kunyoosha miguu, na ule mkono wake wa kulia usiopanda ukapumzika juu ya goti la kijana.

Gershom alingoja. Kisha akauacha mlango kama ulivyo, akarudi mezani.

Musyoka alikuwa amekifungua kitabu cha matukio, kalamu imechovywa, haijagusa karatasi.

"Afande, niandike nani ametoka?"

"Andika unachokiona."

Musyoka akanyoosha shingo kutazama upande wa seli. Alitazama kitambo.

"Naona Kahindi wawili," alisema, "na mlango wazi."